Mfungwa mgonjwa: atibiwe gerezani, au atibiwe nje chini ya jicho la jopo la madaktari?

Mfungwa mwenye pesa analala miezi hospitali ya nje, chumba cha peke yake, simu chini ya mto, wageni wakiingia na kutoka. Mwenzake wa kifua kikuu anakohoa sakafuni, anasubiri gari. Hilo ndilo linaloniuma.

Njia ya kwanza ni kumleta daktari gerezani: zahanati yenye maabara, dawa na bingwa anayekuja kwa zamu. Inaziba mwanya mapema, maana vipimo vingi havihitaji safari. Lakini upasuaji mkubwa haufanyiki pale, na daktari anayelipwa na gereza ni rahisi kushinikizwa.

Njia ya pili: atoke, ila jopo la madaktari wasiomtibu limpime upya kila baada ya siku chache, ripoti ifike mahakamani. Aliyepona anarudi siku hiyo hiyo. Mimi naipendelea hii. Kanuni za Mandela, yaani kanuni za kuwatendea wafungwa zilizopitishwa na Umoja wa Mataifa mwaka 2015, zinataka uamuzi wa tiba ufanywe na wataalamu wa afya, usipinduliwe na askari magereza. Jopo linalilinda hilo, na saini ya daktari mmoja haitoshi tena kumweka mtu kitandani.