Mpini wa shoka jepesi: upi ununue Malindi, upi uupite

Mpini ukivunjika, swali la kwanza la watu wengi huwa ni mti gani mzuri. Hilo ni swali la pili. La kwanza ni kama mpini wenyewe umekauka, na kama nyuzi za mti zinakwenda sawa kutoka kichwani hadi mkononi. Mkole mbichi hauwezi kushindana na mwarobaini uliokauka vizuri, hata ukiusifia vipi.

Mpangilio ulio hapa chini ni wa shoka jepesi: kichwa cha gramu 600 hadi kilo moja, mpini wa sm 40 hadi 50, la kuchanja kuni za nyumbani, kupogoa matawi na kuchonga vigingi vya ua. Ni shoka la mkono mmoja. Kwa hiyo uzito wa mpini ni jambo la maana, na baadhi ya miti inayosifiwa kwa majembe na sururu imeshuka chini katika orodha hii.

Kabla ya kutoa pesa

Nenda sokoni na kichwa cha shoka mkononi. Kama haiwezekani, bandika karatasi ngumu juu ya tundu, uichore kwa ndani, pande zote mbili, juu na chini. Tundu la shoka halilingani: mara nyingi hubana katikati au upande wa chini, halafu likapanuka kuelekea juu, ndipo kabari ipate nafasi ya kuutanua mti. Sehemu ya mpini itakayoingia humo iwe nene kuliko tundu kwa mm 2 hivi kila upande, ili upate cha kuchonga. Mpini unaoingia tunduni palepale dukani bila kuchongwa umekwisha kuwa mdogo, na kabari haiwezi kujaza pengo hilo.

Sasa tazama nyuzi. Miti yetu mingi ya pwani haionyeshi pete za kila mwaka waziwazi, hivyo kuangalia mwisho wa mti peke yake hakutoshi. Dondosha tone dogo la wino ubavuni mwa mpini. Wino utakimbia kufuata nyuzi, na utaona kama zinakwenda na mpini au zinatoka nje kwa mshazari. Mpini wa sm 40 ambao nyuzi zake zimehama chini ya sm 2 kutoka mwanzo hadi mwisho ni mzuri. Zikihama sm 4, uache hata kama ni wa bei ya chini, kwa kuwa ndiyo ile mipini inayokatika kwa mshazari na kumwachia mtu ncha kali mkononi. Mpini uliopasuliwa kwa kabari kisha ukachongwa hufuata nyuzi zenyewe. Uliokatwa kwa msumeno hufuata msumeno.

Kiini cha mti, yaani kile kitobo au doa la katikati, kisiwemo. Fito nzima iliyobanduliwa ganda tu ina kiini ndani, na ikikauka lazima ipasuke mahali fulani. Fundo dogo chini kabisa ya mkono linavumilika. Fundo lililo ndani ya sm 10 kutoka kichwani halifai, maana hapo ndipo pigo linapokwenda. Ukiona vitobo vyembamba vyenye unga mweupe, rudisha mpini ulipoutoa: wadudu wako ndani na watahamia kwenye mipini mingine nyumbani kwako.

Ukavu ndio mgumu kuupima kwa macho. Ushike mpini kwa vidole viwili karibu na ncha, uugonge kwa kipande cha mti: mkavu hulia, mbichi hutoa mlio uliokufa. Mizani inasema kweli zaidi. Muombe mwenye duka aupime, andika uzito ubavuni kwa penseli, kisha uupime tena baada ya wiki moja ya kukaa ndani ya nyumba kwenye upepo. Ukipungua zaidi ya gramu 5, bado unatoa maji. Usiutie kichwa. Gogo lililopasuliwa la unene wa sm 5 huhitaji miezi kadhaa kivulini, limepakwa rangi au nta kwenye ncha zote mbili ili zisikauke haraka kuliko katikati na kutoa nyufa.

Hapa Malindi kuna jambo la majira ambalo wauzaji hawakwambii. Wakati wa masika, Aprili hadi Juni, hewa imejaa unyevu na mti huvimba. Mpini uliotiwa Mei utaonekana umeshika kama uliozaliwa na shoka, halafu Januari na Februari, kaskazi likivuma na jua likiwa kali, mti unanywea na kichwa kinacheza. Nunua wakati wowote, lakini tia mpini wakati wa kaskazi. Mti uliopungua kadiri utakavyopungua hauna tena pa kwenda isipokuwa kubana.

Orodha, kuanzia bora

Wa kwanza ni mkole, ambao wengine huuita mkone. Nyuzi zake ni ndefu, mti unapinda na kurudi, na ndiyo sababu jamaa hii ya miti hutumika kwa pinde na bakora. Unapopiga shoka, mpini wa mkole hunywa mshtuko kabla haujafika kwenye kifundo cha mkono. Taabu yake ni kwamba haunenepi sana, hivyo mara nyingi utauziwa fito nzima yenye kiini. Tafuta shina lenye unene wa sm 8 au zaidi lililopasuliwa mara mbili au nne. Ukiukosa, shuka kwenye orodha, usichukue fito.

Wa pili ni mkwaju, lakini si sehemu yoyote ya mkwaju. Moyo wake mweusi ni mzito, mgumu kuchonga, na kwa shoka jepesi huuchosha mkono bure. Unachotaka ni ile sehemu ya nje yenye rangi ya manjano hafifu, ngumu kupasuka kwa sababu nyuzi zake hushikana. Sehemu hiyo hupendwa na wadudu, kwa hiyo ipakwe mafuta mapema. Mkunazi uko hapohapo naye, na kama fundi wako ana kipande cha mkunazi kilichokaa darini tangu mwaka jana, chukua hicho uwaache wengine wagombee mkwaju.

Mwarobaini ni wa tatu, na kwa watu wengi ndio chaguo la busara: umejaa kila kijiji, ni mwepesi, mchwa hawaupendi, na hauhitaji kibali cha msitu ikiwa umeota uani kwako. Kasoro yake ni nyuzi zinazopishana, leo zinakwenda kulia, kesho kushoto. Jaribio la wino ni la lazima hapa kuliko mahali pengine. Uchonge mnene kidogo kuliko mkole, mm 3 hivi za ziada pale shingoni chini ya kichwa.

Wa nne ni hikori ya Marekani, ile mipini iliyong'arishwa na kuuzwa mtandaoni au katika maduka makubwa ya vifaa. Mti wenyewe ni bora, pengine bora kuliko yote. Kwa nini basi uko chini? Kwa sababu unanunua bila kuuona, na mipini ya kiwandani hukatwa kwa msumeno bila kujali nyuzi. Umbo la sehemu ya tundu nalo ni la vichwa vya kwao. Ukipata nafasi ya kuchagua mmoja kati ya kumi, uusogeze juu kabisa. Kwangua vanishi yote kabla ya kuutumia, maana vanishi inayoteleza humtoa mtu malengelenge.

Mvinje ni wa tano, na najua wakulima wa Gede na Mambrui watabisha. Ni mti wa nguvu, unyofu, rahisi kupatikana. Kwa jembe ungekuwa juu. Kwa shoka jepesi uzito unauangusha: mpini wa sm 45 wenye umbo la yai la mm 22 kwa 33 utafika karibu gramu 240 ukiwa mvinje, wakati wa mwarobaini utakuwa karibu gramu 180. Kwenye kichwa cha gramu 700, tofauti hiyo unaisikia: shoka linalemea mkononi badala ya kwenye makali. Tena mvinje hupasuka vibaya ukikaushwa juani. Ukiuchagua, upasue ungali mbichi, uutie kivulini.

Faibaglasi ni ya sita. Haivimbi, hainywei, hailiwi na mchwa. Lakini jua la pwani huila ngozi yake ya juu, nyuzi za kioo zinajitokeza na kuwasha kiganja, na kichwa hushikwa kwa gundi ya epoksi, si kabari. Ikilegea huna la kufanya nyumbani. Inafaa kwa shoka linalolala chomboni au kwenye gari na kutumika mara moja moja.

Mikoko, hasa mkandaa, ni migumu na hudumu, ila ni mizito, na ukataji wake unahitaji kibali cha Huduma ya Misitu ya Kenya. Vivyo hivyo mti wowote unaotoka msitu wa Arabuko-Sokoke. Kama muuzaji hawezi kukueleza mti umetoka wapi, usinunue.

Usinunue kabisa mnazi, mwembe wala mkorosho. Mnazi hudanganya kwa sababu sehemu yake ya nje ni ngumu kama mfupa, lakini ukikatika hutoa vibanzi virefu. Bomba la chuma lililochomelewa nalo ni hatari: moto wa kuchomelea hulegeza ugumu wa makali, chuma cha shoka hufanya ufa pembeni mwa weldi, na mshtuko wote unaishia kwenye kiwiko.

Kutia kichwa

Mpini wa zamani usiuchome moto ili utoke. Kata kwa msumeno chini ya kichwa, toboa kilichobaki kwa keke, kisha kipige kitoke kuelekea juu, upande ulio mpana. Sugua kutu ndani ya tundu kwa tupa, na uondoe ukingo mkali wa chini, ule unaokata nyuzi za shingo taratibu hadi mpini unakatika.

Chonga kidogo, jaribu, toa, tazama. Paka masizi ndani ya tundu. Palipochafuka kwenye mpini ndipo panapogusa, chonga hapo tu. Ili kuingiza kichwa, usikipige. Shika shoka kichwa kikining'inia chini, kisha ugonge kitako cha mpini kwa nyundo ya mti: uzito wa kichwa wenyewe utakipandisha mpinini. Kikikwangua nyuzi na kukunja maranda marefu ya mti, umebana mno. Kikiingia kwa mapigo mawili, umechonga mno. Mpini utokeze juu mm 4 hivi.

Kabla ya hapo uwe umekata mfuo kwa msumeno, wa kina cha theluthi mbili za tundu, ukifuata urefu wa tundu. Kabari iwe ya mti mkavu, ndefu kama mfuo, nyembamba mdomoni na mm 6 au 7 kitakoni. Igonge hadi mlio ubadilike, uache hapo. Kabari ya chuma ni ya baadaye, siku kichwa kitakapoanza kucheza. Ukiitia mapema huna akiba.

Tazama kwa jicho moja kutoka kitakoni: mstari wa makali na mstari wa mpini viwe kitu kimoja. Vikipishana kwa upana wa kidole, shoka litateleza kila pigo.

Mafuta ya linsidi (mbegu za kitani) yaliyochemshwa ndiyo bora, yapakwe mikono mitatu au minne, kila mkono ukikauka siku moja. Sifa, yaani mafuta ya papa ya kupakia vyombo vya baharini, nayo hutumika, ila harufu haitoki mkononi. Mafuta ya nazi hayakauki, hubaki yanateleza. Kitambaa ulichopakia linsidi ukitandaze nje kikauke, kisikunjwe na kuachwa sandukuni, kwa maana hupata joto na kuwaka chenyewe.

Kichwa kikilegea wakati wa kaskazi, usikitumbukize ndooni, na maji ya bahari ndiyo kabisa usiyaguse. Mti utavimba ndani ya chuma, nyuzi zake zitajiponda, na ukikauka utakuwa mdogo kuliko mwanzo. Gonga kitako cha mpini kichwa kipande, kisha ingiza ile kabari ya chuma kwa mshazari, ukikatisha ile ya mti.