Sanduku la rangi 12 za uso: je, linahimili joto la Bagamoyo?

Msanii anayepanda jukwaani peke yake na wahusika watatu wa kubuni, tuseme mzee mvuvi, bi harusi na karani wa forodha, mara nyingi hukimbilia kununua rangi za uso kwanza. Sanduku tunalolipima hapa lina rangi 12 za mafuta, sponji mbili, brashi moja na kichupa cha gundi ya masharubu. Kwa mhusika mmoja kwa usiku mmoja, linatosha. Kwa watatu litakuangusha.

Nyeusi, nyeupe na nyekundu zinakoza vizuri. Ile iliyoandikwa "rangi ya ngozi" ni ya waridi, na sijui ni ngozi ya nani, iweke kando. Ya kwetu inachanganywa: kahawia sehemu tatu, njano sehemu moja, nyekundu kiasi cha ncha ya brashi. Changanyia mgongoni mwa mkono, joto la mwili lilainishe mafuta. Ukimchora mzee, usipige mistari myeusi, kwani aliyekaa viti vya nyuma ataona alama za chale. Pitisha kahawia iliyokoza ndani ya mkunjo wenyewe, kisha njano hafifu juu ya mfupa wa shavu.

Uso uoshwe kwa sabuni ukauke kabisa. Masharubu yabandikwe kwanza, maana gundi haishiki juu ya mafuta. Ndipo upake rangi, tabaka jembamba, kwa sponji kavu. Gongagonga poda bila kusugua, ngoja dakika 3, pangusa iliyozidi. Poda nyeupe ya watoto usiiguse: chini ya taa uso unapauka kama uliomwagiwa majivu. Tafuta inayokaribiana na ngozi yako.

Gundi ndiyo udhaifu mkubwa. Iwe jukwaa la TaSUBa, taasisi ya sanaa na utamaduni ya Bagamoyo, au ua wa Ngome Kongwe, hewa ya pwani imejaa unyevu, na jasho la juu ya mdomo halikawii. Ncha za masharubu zinaanza kunyanyuka, hasa kwenye maneno yenye p na b, na mvuvi akisema "papa" mara mbili tatu, upande mmoja umeshaning'inia. Nunua gundi nyingine.

Kuondoa rangi kunataka mafuta ya nazi, vijiko viwili vya chai, kukanda taratibu, pamba, halafu sabuni. Hesabu dakika 10. Kati ya mhusika na mhusika, dakika 10 hizo utazitoa wapi? Watazamaji watakuwa wameshaanza kupiga soga.

Waliobobea katika kazi hii ya kujigeuza walitatua tatizo hilo kila mmoja kwa njia yake. Lynn Hershman Leeson, msanii wa Marekani aliyeishi kama mhusika wake wa kubuni, Roberta Breitmore, huko San Francisco miaka ya 1970, alichora mwaka 1975 ramani ya uso wenye namba, kila namba na kipodozi chake. Lakini Roberta alitembea mitaani, hakuwa na pazia linalomsubiri. Mpiga picha Cindy Sherman alijibadilisha katika mfululizo wa picha 69 kati ya 1977 na 1980, na kamera ina subira. Adrian Piper, msanii wa kike, kuanzia 1973 alijigeuza mwanaume kwa wigi la afro, masharubu na miwani ya jua. Vitu vitatu, vyote vinavulika.

Kwa jukwaa letu, njia ya Piper ndiyo salama. Paka uso mara moja tu, wa kati, usioegemea mhusika yeyote. Tofauti ziletwe na vitu: kofia kuukuu na msuli kwa mvuvi, kanga iliyofunika kichwa hadi usoni kwa bi harusi, miwani na kalamu sikioni kwa karani. Mabadiliko yasizidi sekunde 20. Yapime kwa saa, gizani, kwa sababu nyuma ya pazia hakuna taa. Kisha mweke mtu asiyelijua igizo mwisho wa ukumbi, akuambie ni nani anayetembea kabla hujafungua mdomo. Akibabaika, tofautisha zaidi mwendo wa kila mhusika, usiongeze rangi.

Sanduku lisiachwe kwenye gari juani, rangi huyeyuka zikaingiliana. Jaribu kidogo ndani ya kiwiko siku moja kabla, uone kama ngozi itawasha. Sponji usiazimane na mwenzio. Macho mekundu huenea hivyo hivyo, na sponji mbili za sandukuni hazizidi maonyesho manne kabla ya kuanza kumeguka.