TAHADHARI: Mtembezaji wa "Kampala kwa Kiswahili" ametutapeli, na bado anatangaza

Ndugu zangu Watanzania, Wakenya, Wakongo na yeyote anayekuja Kampala akitegemea Kiswahili, tafadhali someni hii kabla hamjatuma hata shilingi.

Jumamosi ya wiki mbili zilizopita mimi, mama yangu mzazi na mdogo wangu tulitapeliwa shilingi 270,000 za Uganda pamoja na begi. Aliyetutapeli anajitangaza kuwatembeza wageni jijini Kampala kwa saa nne, "kwa Kiswahili fasaha, viingilio vyote ndani". Jana asubuhi rafiki yangu wa Mbarara amenitumia tangazo lile lile kutoka kundi jingine la WhatsApp. Namba imebadilika, maneno ni yale yale, hata picha ya mnara wa msikiti iliyokatwa vibaya upande wa kushoto ni ile ile. Ndiyo maana naandika leo, sisubiri polisi wamalize kazi yao.

Sitaweka jina wala sura yake hapa. Jina alilotupa nina hakika si lake, na kwa sura anaweza kuponzwa mtu asiye na hatia. Nitaeleza anavyofanya.

Mimi nafundisha Kiswahili Masaka, huu ni mwaka wa nne. Mama anatoka Missenyi, Kagera. Majeshi ya Amin yalipoingia Kagera mwaka 1978 alikuwa na miaka 14. Walikimbia kwa miguu na bibi, wakavuka mto Kagera pale Kyaka siku chache kabla daraja halijalipuliwa. Mjomba wake alikuwa jeshini, akaingia Kampala na wenzake Aprili 1979. Alirudi salama, lakini hakupenda kuhadithia. Basi tangu nihamie Uganda mama alikuwa na ombi moja tu: aione Kampala, na hasa Lubiri, kasri la Kabaka (mfalme wa Buganda) pale Mengo, penye mahandaki ambamo watu walifungwa na kuuawa zama za Amin. Alipostaafu ualimu akapanda basi na mdogo wangu kupitia Mutukula, nikajisemea safari hii lazima.

Kiingereza mama anakisoma, ila habari kama zile alitaka azisikie kwa lugha anayoombea dua. Na wanaoishi hapa wanajua hali ilivyo. Katiba imekitambua Kiswahili kuwa lugha rasmi ya pili tangu 2005, lakini mjini Kampala mambo ni Kiganda. Ukiuliza bei kwa Kiswahili utajibiwa kwa Kiganda au Kiingereza, na wapo wazee ambao Kiswahili kinawakumbusha askari wenye bunduki milangoni mwao. Ukimpata mtu anayekiongea vizuri unamwona ndugu. Huyu bwana anaijua hiyo kiu yetu, na mtego wake wote ameutega hapo.

Tulikubaliana 80,000 kwa kila mtu, yaani 240,000, nusu itangulie. Nilipokuwa namtumia 120,000 kwa simu, kabla sijaweka namba ya siri likatokea jina la mwanamke. Nikasita, nikampigia. Akajibu kwa upole kabisa, "Ni laini ya mke wangu, dada, yangu leo inasumbua." Nikaweka namba ya siri. Hapo ndipo nilipokosea, na ningeweza kuishia hapo hapo bila hasara. Jina linalotokea kwenye simu likitofautiana na la mtu unayezungumza naye, ghairi. Asikwambie habari za mke, kaka wala bosi.

Alitupokea karibu na Old Taxi Park, saa tatu na nusu asubuhi. Alishuka kwenye gari akamwendea mama moja kwa moja, akainama kidogo: "Shikamoo mama." Mama akaitikia, "Marahaba mwanangu," na nikaona uso wake umechanua. Miaka yote hii Uganda, vijana wanaoniamkia shikamoo ni wanafunzi wangu tu, na hao nimewafundisha mwenyewe. Kwa neno lile moja mama alimpa begi lake akaliweke nyuma ya gari. Ndani mlikuwa na vitenge alivyonunua, sweta, na dawa zake za presha.

Kituo cha kwanza kilikuwa Sanamu ya Uhuru, pale Speke Road: mama aliyezungushiwa vitambaa mwilini anamwinua mtoto juu. Ni kazi ya Gregory Maloba, mchongaji Mkenya, ya mwaka ule wa uhuru, 1962. Hilo la Maloba nililisema mimi, yeye hakulijua. Alichojua ni kutudai 10,000 kila mmoja, "kibali cha kupigia picha". Akapokea 30,000, akazunguka kona, akarudi mikono mitupu, hana risiti wala karatasi yoyote. Sanamu ile iko wazi kando ya barabara, watu wanapiga picha bure kila siku. Nilipouliza mbona viingilio vyote vilikuwa ndani ya bei, akasema hicho si kiingilio, ni kibali. Mama akanibonyeza mkono ninyamaze, asije kijana akajisikia vibaya.

Tukaenda Mengo. Pale kuna Bulange, jengo la baraza la Buganda, na barabara iliyonyooka kutoka hapo hadi lango la kasri. Barabara inaitwa Kabaka Anjagala, maana yake Kabaka ananipenda. Katikati yake kuna mzunguko wenye geti: magari yetu yanazunguka, geti ni la Kabaka peke yake, yeye hazunguki, anapita moja kwa moja. Mtu yeyote wa Mengo atakueleza hivyo. Huyu alisema geti linafunguliwa siku ya mazishi ya mfalme tu. Nikamtazama, nikaacha.

Nje ya ukuta wa Lubiri akasimamisha gari, akasema leo hakuingiliki, mahandaki yamejaa maji ya mvua. Akaanza kuhadithia tukiwa ndani ya gari. Akasema Kabaka Muteesa wa Pili aliuawa humu humu ndani mwaka 1966, na Amin kwa mkono wake.

Mama amefundisha miaka thelathini na kitu. Akauliza polepole, "Mwanangu, kama aliuawa hapa, Amin mwaka 1971 alirudisha mwili gani kutoka Uingereza?"

Jamaa akacheka, akawasha gari. Ukweli ni kwamba Mei 1966 jeshi likiongozwa na Amin lilivamia Lubiri kwa amri ya Obote, Kabaka akaruka ukuta, akakimbilia uhamishoni, akafia London mwaka 1969. Amin alipopindua serikali ndipo mwili ukarudishwa, ukazikwa Kasubi, penye makaburi ya wafalme. Nayaandika haya kwa sababu ni kipimo kizuri, hakigharimu kitu. Kabla hujamlipa mtu anayesema anaijua Kampala, muulize Muteesa wa Pili alifia wapi. Mwongoza watalii aliyesomea kazi yake atakujibu na kuongeza mengine matatu ambayo hukuyauliza.

Kasubi hatukufika. Tulipofika Nakulabye akalalamikia jamu, akageuza gari, akasema isitoshe makaburi ya wafalme yaliungua, yamebaki majivu. Kuungua yaliungua kweli, Machi 2010, na wengi tuliona picha za moto ule. Lakini ile nyumba kubwa ya nyasi, Muzibu Azaala Mpanga, imejengwa upya, na mwaka 2023 UNESCO iliitoa Kasubi kwenye orodha ya urithi ulio hatarini. Kwa maneno yale alijiwekea mfukoni viingilio vya watu watatu. Siku hiyo hata wazo hilo halikunijia, nilikuwa naitazama saa, nikiwaza basi la kurudi Masaka.

Old Kampala ndiko alikomalizia. Msikiti mkuu wa pale ulianza kujengwa zama za Amin, ukakwama miaka mingi, hadi Libya ya Gaddafi ilipougharamia. Mgeni anaruhusiwa kuingia na kupanda mnara, ngazi kama mia tatu, na huko juu unaliona jiji lote na vilima vyake. Mbele ya geti akasema, "Nimalizieni salio niwalipie ndani, ninyi tangulieni, mimi naegesha gari." Nikampa 120,000 taslimu mkononi. Begi likabaki nyuma ya gari.

Ofisini tukaambiwa hakuna mtu aliyetulipia. Nikalipa upya, nikapewa risiti, na msikiti wenyewe ukatupa kijana wa kutuongoza, mpole, anaeleza kila kitu. Bado sikushtuka, nilidhani jamaa anatafuta pa kuegesha. Mama hakuweza ngazi zile, akakaa chini uani, uso ameuelekeza getini. Mimi na mdogo wangu tukapanda. Tuliposhuka akatuambia, "Yule kijana ameondoka na gari, labda ameenda kutafuta kivuli."

Simu yake ilikuwa imezimwa. Nilipiga mpaka chaji ikaisha.

Yule kijana wa msikitini alituchukua hadi kituo cha polisi cha karibu, akasimama nasi mpaka tulipomaliza kuandikisha maelezo na kupewa namba ya kumbukumbu. Mwendesha boda aliyesikia habari za dawa akampeleka mdogo wangu duka la dawa, akakataa nauli. Mungu awalipe. Pasi za kusafiria pamoja na nauli za kurudi vilisalimika kwa sababu mama ana mfuko mdogo anauvaa shingoni ndani ya gauni, na noti nyingine alizifunga pindoni mwa khanga. Lakini usiku ule presha yake ilipanda, na mimi nikakesha nimemshika mkono, nikiwaza kwamba mtu huyu alimwita mama.

Jumatatu tulirudi Kampala wenyewe. Tulichukua spesheli (kwa wageni: Kampala ukisema taksi unapelekwa kwenye matatu, gari la kukodi peke yako ndiyo spesheli), tukapatana bei kabla ya kupanda, tukaenda Lubiri moja kwa moja. Langoni tukalipa, tukapewa mwongozaji wao. Njia ya kushuka ilikuwa kavu, na mlinzi akasema wiki nzima hapajafungwa. Mle ndani ni korido ya zege yenye vyumba vya giza upande mmoja. Ukutani kuna maandishi, na alama za viganja vya mikono. Mama alisogeza kiganja chake karibu na kimoja, hakukigusa, akasimama hivyo muda mrefu. Mwongozaji alikuwa anasema Kiingereza, akanyamaza. Tulipotoka mama aliniambia jambo moja tu: "Mjomba alikuwa na haki ya kutohadithia."

Hicho ndicho alichotaka kutunyima yule mtu kwa uongo wa maji ya mvua, na ndicho kinachoniuma kuliko pesa.

Kwa hiyo wapendwa, kwa safari fupi ya Kampala hamhitaji mtu wa kuwashikia pesa. Lubiri mnalipia langoni wenyewe, msikiti wa Old Kampala vile vile, mnapata risiti na mwongozaji wa pale pale. Makanisa makuu ya Rubaga na Namirembe yako vilima vya jirani. Hekalu la Wabahai kule Kikaya, lililofunguliwa 1961, halina kiingilio. Jumba la Makumbusho liko Kira Road. Mkienda Kasubi kina mama vaeni sketi au gauni refu, na ulizeni kwanza kama siku hiyo kuna shughuli za kimila. Dereva wa spesheli anayependekezwa na mtu unayemjua anatosha kabisa.

Ukitaka mwongozaji wa siku nzima, wapo wengi wema na kazi wanaijua, usiwaogope kwa sababu ya huyu mmoja. Mwombe leseni yake ya Bodi ya Utalii ya Uganda, uliza kwa bodi yenyewe kama wanamtambua, na salio lipa safari ikishaisha. Begi shuka nalo kila kituo, hata kama dereva amekuamkia shikamoo.

Na maneno ya tangazo lake ni haya, yatafuteni kwenye makundi yenu: "Karibu nyumbani, Kampala kwa Kiswahili fasaha, saa nne, viingilio vyote ndani, nusu itangulie." Mkiliona, mwambieni msimamizi wa kundi alitoe, na mnitumie namba iliyotumika niipeleke kituoni pamoja na zile mbili nilizokwisha kuwapa polisi.

Kama nawe umemtumia pesa, usifute ujumbe wa muamala. Niandikie tarehe na kiasi, halafu twende kituoni pamoja, maana polisi wamesema walalamikaji wakiwa wengi faili linasukumika. Mpaka sasa tuko watatu: mimi, baba mmoja Mkongo anayeishi Nsambya, na kijana wa Eldoret aliyeachwa kule kule kwenye geti la msikiti akiwa na mchumba wake.