Uzoefu wangu na Suheir Hammad, muvi yake na mashairi yake

Nimemaliza kuangalia Salt of This Sea na bado iko kichwani, acha niandike sasa hivi. Ni muvi ya 2008 ya Annemarie Jacir, ilionyeshwa kwenye tamasha la filamu la Cannes mwaka huohuo, ila mi niliitafuta kwa sababu ya Suheir Hammad ambaye ndo mwigizaji mkuu, na kazi yake hasa ni mashairi. Sijajuta hata kidogo.

Anacheza kama Soraya, binti wa Brooklyn, New York, ukoo wake Wapalestina, anaenda Palestina kudai hela za babu yake zilizozuiwa benki tangu 1948, Israeli ilipoundwa na Wapalestina wengi wakapoteza makazi yao. Benki wanamwambia hakuna kitu, basi anaamua kwenda kuzichukua kwa nguvu yeye na Emad, kijana Mpalestina (anachezwa na Saleh Bakri, jamaa anajua sana).

Sehemu ya kiwanja cha ndege cha Israeli iangalieni vizuri. Pasipoti ya Marekani anayo lakini maswali hayaishi, baba yako wa wapi, babu je, anakuja ofisa mwingine anaanza upya, na yeye anajibu tu huku unaona kabisa hasira inavyompanda usoni.

Ila nyumba ya babu kule Jaffa, mji ambao sasa uko Israeli, ndo iliyonimaliza. Mama anayeishi humo sasa, Muisraeli, anawakaribisha vizuri tu, na Soraya anachotaka ni kimoja, huyu mama akiri kwamba nyumba ilichukuliwa kwa dhuluma. Kuna watu watasema Soraya kakosa adabu kwa mwenyeji wake. Mi sikubaliani kabisa, yani ukaribishwe kama mgeni kwenye nyumba ya babu yako halafu ushukuru? Hayo ndo maumivu yenyewe jamani, na yule dada kayabeba mwili mzima.

Nadhani Suheir anaweza hivyo kwa sababu anayajua. Kazaliwa Amman 1973, wazazi wakimbizi wa Kipalestina, akapelekwa Brooklyn akiwa na miaka mitano, akakua katikati ya hip hop na watu weusi wa pale, ndo maana kitabu chake cha 1996 kinaitwa Born Palestinian, Born Black, jina lililotokana na shairi la June Jordan, mshairi mweusi wa Marekani. Alafu alipanda Broadway, kwenye majumba makubwa ya maonyesho ya New York, na Def Poetry Jam, onyesho la mashairi lililochukua Tony, tuzo ya maonyesho ya jukwaani, 2003, kwahiyo steji anaijua.

Na hapohapo ndo penye kasoro, maana kuna wakati anaongea kama yuko stejini anaghani, maneno yanakuwa mazito kuliko mazungumzo ya kawaida. Pia wakishafika kwenye magofu ya Dawayima, kijiji cha kina Emad, muvi inalegea, nilitamani wakate kidogo.

Mashairi yake usianze kwa kusoma, msikilize kwanza. Ipo klipu yake ya 2010 kwenye TEDWomen, mkutano wa hotuba fupi, anasema hatacheza ngoma ya vita ya mtu yeyote, sauti haipazi lakini nilisisimka mpaka nikairudia palepale. Kitabuni maneno ni yaleyale ila ile pumzi yake huipati.

Nilikoangalia mi maandishi ya chini yalikuwa ya Kiingereza tu na yanapita haraka, kwahiyo jiandae kusimamisha simamisha. Muvi naipa nyota 4 kati ya 5, ile moja nimeitoa kwa sababu ya Dawayima. Anza na klipu, ni dakika chache tu, alafu tafuta muvi.