TAHADHARI: "Mkanda wa Goetzen wa 1916" unaouzwa Kigoma

Ndugu zangu mnaotengeneza makala za video, hasa mnaokuja huku kufuatilia habari za MV Liemba, ile meli kongwe ya Ziwa Tanganyika: kuna jamaa anazunguka kati ya stesheni na Ujiji akiuza mkanda wa filamu. Anadai unaonyesha Wajerumani wakiizamisha meli yao Graf von Goetzen, Julai 1916, kabla Waingereza hawajaiibua na kuiita Liemba. Anataka milioni mbili, kishika uchumba laki tano. Msimpe hata mia.

Mkanda wenyewe nimeushika. Nilipouwekea rula, upana wake ni milimita 16. Kodak walianza kuuza filamu ya upana huo mwaka 1923, miaka saba baada ya meli kuzamishwa. Sijui huyo mpigapicha aliazima kamera kwa nani.

Kisha anakunusisha kopo. Linanuka siki, naye anasema hiyo ndiyo harufu ya ukale. Uongo mtupu. Siki ni dalili kwamba filamu ya asetati (aina ya plastiki) inaoza, na mvuke wake huharakisha kuoza kwa mikanda mingine iliyo jirani. Ukiwa nao wa namna hiyo, utenge, uweke mahali pakavu penye baridi, na usiupitishe kwenye projekta: huwa umesinyaa, utachanika. Ukikutana na muuzaji yeyote, omba kuona ukingo wa filamu penye mwanga. Filamu nyingi za Kodak zina alama ndogo za duara, mraba au pembetatu zinazotaja mwaka ilipotengenezwa. Alama hizo hujirudia kila baada ya miaka 20, kwa hiyo zisome pamoja na upana. Akikukataza kuufungua, ondoka.

Klipu anazotuma Watsapu ndizo zimewanasa wengi. Ni picha za meli kweli, ila zimekatwa upande wa chini, pale nembo ya hifadhi ya filamu hukaa. British Pathé, hifadhi ya filamu za zamani ya Uingereza, peke yao waliweka filamu 85,000 YouTube mwaka 2014. Kutazama ni bure, kuzitumia kwenye kazi yako ni mpaka ulipie leseni kwao. "Hati ya haki miliki" anayokupa yenye mhuri wa duara haina kazi. Hata mkanda ungekuwa halisi, kumiliki kopo si kumiliki haki. Ukiwa na shaka, waulize COSOTA, ofisi ya hakimiliki Tanzania.

Kinachoniuma zaidi ni kanda za VHS. Anapita majumbani akichukua za harusi na misiba, eti akazihamishie kwenye flashi. Mama mmoja wa Mwanga, hapa Kigoma, anadaiwa elfu themanini zaidi ili arudishiwe kanda ya mazishi ya mumewe, na nakala nyingine hana.

Namba za simu anabadilisha kila mara, hivyo kuziandika hapa hakusaidii. Mwenye kanda zilizokwama kwake anitumie ujumbe kabla ya Jumatatu, twende polisi pamoja. Njoo na jumbe zake na risiti za miamala, usifute kitu.