Kinanda cha Halberstadt: mahali ambapo noti moja hudumu kwa miaka

Katika mji wa Halberstadt, jimbo la Sachsen-Anhalt nchini Ujerumani, liko kanisa la kale la Mtakatifu Burchardi, ambamo kinanda kidogo cha filimbi kinalia mchana na usiku bila mtu kuketi mbele yake. Kinachopigwa ni Organ²/ASLSP, utunzi wa mwaka 1987 wa Mmarekani John Cage, ambaye alimwagiza mpigaji aupige polepole kadiri inavyowezekana. Wanamuziki na wanafalsafa waliokutana katika mji wa Trossingen, Ujerumani, mwaka 1997 walilichukua agizo hilo kwa uzito wote. Kwa kuwa kinanda cha filimbi hakichoki maadamu kinapata hewa, waliuliza ni wapi hasa ulipo mpaka wa polepole hiyo. Jibu lililokuja kukubaliwa ni miaka 639. Mwaka 1361 fundi Nikolaus Faber alikamilisha kinanda mashuhuri katika kanisa kuu la Halberstadt. Kutoka hapo hadi mwaka 2000 ni miaka 639, na muda uleule ukapimwa kwenda mbele kuanzia mwaka 2001, hata utunzi ukapangiwa kumalizika mwaka 2640.

Swali ninalotaka kulijibu kwa msafiri ni moja: je, ukifika pale utasikia muziki, au utaoneshwa wazo tu? Nashawishika kwamba utasikia muziki, ila kwa sharti la kutembea ndani ya kanisa na kutokuwa na haraka.

Kinanda chenyewe ni fremu ya mbao yenye filimbi chache, kwa maana huwekewa zile tu zinazohitajika kwa wakati husika. Vibao vyake hushikiliwa chini na mifuko midogo ya mchanga, na hewa inatoka kwenye mivukuto iliyowekwa upande wa pili wa jengo. Mtu anayesimama mlangoni husikia mvumo mmoja ulio sawa, na wengi huridhika na huo, hupiga picha na kuondoka. Wanakosa jambo lenyewe. Ukianza kutembea taratibu kando ya ukuta, ule mvumo unafumuka: hatua moja mbele noti ya juu inajitokeza peke yake, hatua nyingine inapungua kabisa na ile nzito inatanda kifuani, na ukigeuza kichwa kidogo tu unasikia noti mbili zikisuguana na kutetema. Filimbi hazijabadilika hata kidogo. Kinachobadilika ni mahali ulipo kati ya kuta za mawe zinazorudisha sauti. Sisi tuliokulia katika kwaya tumezoea kuzipita noti mbio ili tuwahi ubeti unaofuata, na sijui mahali pengine ambapo mkusanyo mmoja wa noti unapewa nafasi ya kusikilizwa hadi undani wake.

Mpangilio wa utunzi unastahili sifa kwa uaminifu wake. Ulianza tarehe 5 Septemba 2001, siku ya kuzaliwa kwa Cage, na kwa kuwa ukurasa wa kwanza unaanza na kimya, kanisa lilikaa bila noti hata moja hadi tarehe 5 Februari 2003. Wangeweza kukiruka kimya hicho ili kuwafurahisha wafadhili, lakini hawakukiruka. Baadaye sauti moja ilidumu kuanzia Oktoba 2013 hadi Septemba 2020. Badiliko la tarehe 5 Februari 2024 liliongeza filimbi moja, na katika ratiba linalofuata ni la tarehe 5 Agosti 2026.

Nina pingamizi moja zito. Idadi ya miaka 639 imetoka katika historia ya mji, wala haikutoka katika noti zenyewe. Mji mwingine ungezaa hesabu nyingine. Hata hivyo, pingamizi hilo hupungua nguvu mtu anapokumbuka yaliyolipata jengo hili na mji wake. Watawa waliondolewa mwanzoni mwa karne ya 19, kisha kanisa likatumika kama ghala na hata zizi la nguruwe; na tarehe 8 Aprili 1945 mabomu yaliharibu sehemu kubwa ya mji wa kale. Watu wa mahali kama hapo wanapojifunga kwa ahadi ya karne sita, wanajua vema jinsi ahadi inavyoweza kukatizwa. Kwenye kuta vimefungwa vibao vya chuma vya wafadhili, kila kimoja na mwaka wake, na vingi vina miaka ambayo hakuna aliye hai leo atakayeiona. Nilivisoma kwa muda mrefu kuliko nilivyokusudia.

Kwa anayepanga safari, nashauri achague siku ya kawaida. Siku za kubadilisha noti huvuta umati na waandishi wa habari, na katika msongamano ule haiwezekani kutembea na kusikiliza kama nilivyoeleza. Achukue koti hata kama nje kuna jua, maana mawe yale hutunza baridi, ahakikishe mapema saa za kufunguliwa, na atenge angalau saa nzima ya kuwa ndani.