TAHADHARI: Huyo anayeuza kapsi za Fallout 76 kwa bei chee kwenye magrupu ya Kigoma ni tapeli

Ndugu zangu mnaocheza gemu la Fallout 76 hapa Kigoma, kuanzia Mwanga, Gungu, Katubuka mpaka Ujiji huko, naomba msome hii yote na mumtumie na mwenzenu ambaye hayupo kwenye magrupu. Kuna jamaa anazunguka WhatsApp anauza kapsi, yaani ile hela ya ndani ya gemu, kwa bei ya kutupa, na ameshaliza madogo wa hapa hapa mjini. Mmoja kapoteza hela tu, mwingine kapoteza hela na akaunti nzima ya Steam, lile duka la magemu mtandaoni, na magemu yote aliyokuwa ananunua kidogo kidogo kila yakishuka bei. Huyu wa pili anabeba dagaa Kibirizi, hela yake anaitoa jasho alfajiri, na ndo maana nimekasirika kiasi hiki.

Jamaa ana utulivu sana, hilo mlijue. Haingii grupu na kuanza kuuza siku hiyo hiyo. Anasalimia, anawajibu watu maswali ya gemu, anamwelekeza mtu silaha ipi nzuri, mpaka mnamzoea mnamuona mwenzenu, baadae ndo anaanza kurusha skrinshoti za "wateja" wanaomshukuru, asante mkuu mzigo umefika, kitu kama hicho. Halafu inakuja ofa: kapsi laki mbili kwa elfu kumi na tano, ukichukua leo anakuongezea na bulioni za dhahabu juu, ambazo ni hela nyingine ya humo humo kwenye gemu. Ukimfata inbox anakwambia usijali ndugu yangu mimi mwenyewe wa mwisho wa reli, nipo Mwandiga, lakini ukisema basi tuonane nikupe keshi mkononi anapata safari ghafla. Namba ya kutumia hela nayo sio ile anayochati nayo, ni ileile staili tunayoijua wote ya "hiyo hela tuma kwenye namba hii", na jina linalotokea ukitaka kutuma halifanani kabisa na jina analojiita.

Hela ikishafika anaomba jina la akaunti na paswedi "akuingizie mzigo". Ukimpa, muda huohuo inakuja code (namba ya kuthibitisha) ya Steam kwenye simu au kwenye email, na yeye anakuharakisha, nitumie hiyo code haraka ni ya kuthibitisha kapsi zimepokelewa. Sio kweli! Ile code ni ya mtu anayejaribu kuingia kwenye akaunti yako, na anayejaribu kuingia ni yeye. Ukishampa tu anabadilisha email na paswedi anakubloku. Wengine anawatumia picha ya QR anasema skani kwa apu ya Steam kwenye simu halafu ukubali, matokeo ni yaleyale, unakuwa umemfungulia mlango kwa mkono wako.

Yule dogo mwingine yeye alikataa kutoa paswedi, safi kabisa, sasa akabadilishiwa wimbo, akaambiwa kuna ada ya kufungua sava elfu nane, akatuma, ikaja ada nyingine ya "kodi ya Marekani", hapo ndo akastuka akaniletea meseji nizisome. Nimezisoma zote na nataka niwaonyeshe uongo ulipo, kwa sababu mtu anayejua hela ya lile gemu inavyoenda huyu jamaa hampati hata kwa bahati mbaya.

Cha kwanza, laki mbili haiingii. Mhusika mmoja kwenye Fallout 76 mwisho wake ni kapsi 40,000, ukifika hapo imejaa, hauwezi kubeba zaidi. Kwa hiyo mtu anayekuahidi 200,000 kwenye mhusika mmoja anakuahidi kitu ambacho gemu lenyewe halina pa kukiweka, na hapo tu ungetakiwa uzime data ulale.

Cha pili, kapsi hazidondoshwi chini mwenzako akaokota kama risasi au maji. Zinahama kwa biashara tu, wewe unaweka kitu sokoni yeye anakinunua, basi. Maana yake hata mtu mwenye kapsi zake halali akitaka kukupa anatakiwa aingie gemu, mkutane sava moja, anunue kitu chako. Paswedi yako inaingiaje hapo? Haina kazi yoyote. Na mkiuziana kupitia mashine yako ya kuuzia, ile unayoiweka kambini kwako ndani ya gemu, gemu linakata asilimia 10 ya mauzo, kitu cha 40,000 wewe unapokea 36,000. Huyu jamaa kwenye maelezo yake yote hakuna sehemu anaongelea makato, mtu anayefanya hii biashara kweli angekuwa wa kwanza kulalamikia makato.

Halafu bulioni za dhahabu ndo kichekesho kibaya zaidi maana haziuziki kati ya wachezaji kabisa, huwezi kumpa mtu hata moja, zinabaki kwa aliyezipata. Na kuna dogo wa PS4 Ujiji aliambiwa atahamishiwa kapsi kutoka kwenye kompyuta. Wa PS4, wa Xbox na wa kompyuta hawakutani kwenye lile gemu, kila mmoja na dunia yake, hizo kapsi zingepita wapi?

Na hata angekuwa muuzaji mkweli bado nisingewashauri. Kuuziana vitu vya gemu kwa hela halisi ni kinyume na masharti ya Bethesda, kampuni yenye gemu, akaunti inaweza kufungiwa, na ikifungiwa hauna wa kumlalamikia kwa sababu wewe mwenyewe umevunja masharti. Kinachouzwa rasmi kwa hela halisi ni Atomi, unazinunua dukani kwao, na Atomi sio kapsi.

Sasa najua kwanini watu wanashawishika. Lile gemu bila mtandao halifunguki, bando linaisha, muda wa kukaa unatafuta kapsi unakuwa mdogo, unaona bora utoe elfu kumi na tano umalize. Lakini kapsi hazina ugumu huo watu wanaosema, nimeshawaelekeza wengi na naandika hapa ili isiwe siri.

Wauzaji wa gemu, yale maroboti ya stesheni za treni na ya ile hoteli ya Whitespring na wengine, kwa pamoja wana kapsi 1,400 za kukupa kwa siku. Ni fungu moja, ukilimaliza kwa mmoja umelimaliza kwa wote, linajaa tena baada ya masaa 20 tangu ulipoanza kuuza. Kwa hiyo kazi yako ukiingia ni moja, zitoe hizo 1,400 zote ndo uendelee na mambo mengine. Piga hesabu, 1,400 kwa siku ni 9,800 kwa wiki, siku 29 umejaza 40,000 bila kumuuzia mchezaji hata mmoja. Vitu vya kuwauzia vipo kila mahali, nenda sehemu inaitwa West Tek, wale majitu supa mutanti wanakuja na bunduki, ukiwamaliza okota zote, ni nzito lakini kwa muuzaji ndo hela yenyewe. Kwenye kambi yako weka mashine za kusafisha maji, ukirudi unakuta maji yamejaa unauza, zikijaa tena mpaka kiwango chake unayatoa tena ukipita kambini. Kabla ya kuuza vaa kadi ya ujuzi ya Hard Bargain na umeze Grape Mentats, dawa ya humo kwenye gemu, bei zinapanda, wengi wanaruka hii hatua na wanapoteza kapsi nyingi sana bila kujua.

Ukishakuwa na mashine yako ya kuuzia kambini hapo ndo pananoga. Ramani za kujengea vitu, risasi, madawa, weka bei ya chini watu wanunue haraka, usikae na ramani moja ya 5,000 wiki nzima wakati ungeuza nyingi za 100. Vinyago vya Fasnacht, ile sherehe ya kwenye gemu, vile adimu vikikuangukia usivigawe hovyo, watu wanavitafuta. Na punguza kuruka ruka kwenye ramani, kila safari ya haraka inakata kapsi, ila kwenda kambini kwako na Vault 76, pale unapoanzia gemu, ni bure, sasa jenga kambi karibu na sehemu unazozunguka sana utaona tofauti.

Kwa waliokwisha kupigwa, fanyeni hivi na msione aibu. Hela kama umetuma sasa hivi piga 100 huduma kwa wateja ya mtandao wako hapohapo, kama jamaa hajaitoa kuna uwezekano wa kuizuia, kila dakika ina maana kwa hiyo usianze kubishana naye kwenye chati kwanza. Meseji yake ya kawaida ya kuomba hela itume kwenda 15040, ile namba ya TCRA, mamlaka ya mawasiliano, ya kuripoti matapeli, utaulizwa namba iliyokutumia nayo unaiandika. Kisha nenda polisi ufungue jalada upate RB, hili ni kosa kwa Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015, kumwibia mtu kwa udanganyifu wa mtandaoni na kuingia kwenye akaunti yake bila ruhusa vyote vimo. Na ukiwa hapo bonyeza *106# uone namba zilizosajiliwa kwa kitambulisho chako, maana hawa watu wanatumia laini za majina ya watu wengine.

Akaunti ya Steam ikishaibiwa nenda kwenye ukurasa wao rasmi wa msaada, chagua akaunti imeibiwa, watataka uthibitisho kwamba ni yako, kwa hiyo tafuta risiti za manunuzi, code za kadi za Steam ulizowahi kuingiza, email uliyofungulia mwanzo. Ukiirudisha badilisha paswedi ya Steam na ya email vyote viwili, na utoe vifaa vingine vyote vilivyoingia. Mtu yeyote atakayekufata inbox anasema yeye ni wa Steam anakusaidia kurudisha akaunti kwa ada kidogo huyo naye ni tapeli, tayari yule dogo wa Kibirizi kashafatwa na wa hivyo.

Namba na jina siweki hapa kwa makusudi, jina lililosajiliwa linaweza kuwa la mama wa watu asiyejua chochote na sitaki watu wamvamie. Ila meseji na risiti za muamala ninazo na wale madogo wawili tunaenda nao kituoni Jumatatu asubuhi. Kama na wewe ulituma hela kwa mtu wa namna hii, usifute chati, nicheki inbox na risiti yako kabla ya hapo tuongozane, tukienda wengi jalada linakuwa na uzito. Na nyie maadmini wa magrupu, akiingia mtu anauza kapsi mtoeni kwanza, maswali baadae.